Homa, dau na kinyesi cha tembo: Jinsi Oldupai na Laetoli zilivyotoa siri zao

Gari likishamaliza mteremko wa Ngorongoro na kuanza kukata tambarare ya kwenda Serengeti, watoto wengi huwa wameshasinzia. Twiga wameonekana, pundamilia wameonekana, chapati zimekwisha na vumbi limeingia hadi kwenye begi la nguo. Hapo ndipo, upande wa kulia wa barabara, hutokea jukwaa lenye mafuvu mawili makubwa ya kuchonga, yamekaa peke yake katikati ya nyika. Yaliwekwa mwaka 2019. Madereva wenye haraka ya kuwahi simba hupita bila hata kupunguza mwendo.

Wanaokata kulia hufika baada ya muda mfupi ukingoni mwa bonde la Oldupai. Kwa jicho la mtoto aliyezoea picha za vitabuni, pale hapana kitu. Ni korongo kubwa la rangi ya vumbi, lenye urefu wa kilomita 48 hivi na kina kinachofika mita 90, miiba, mawe, na kilima cha udongo mwekundu kilichobaki kimesimama katikati kama ngome iliyokimbiwa. Mkonge pori umeota kila mahali. Huo ndio uliolipa bonde jina: Wamasai huuita oldupai. Mzungu wa kwanza kuliandika hakulisikia sawasawa, akaandika Olduvai, na kosa lake la masikio likakaa kwenye vitabu vya dunia nzima kwa karibu miaka 100.

Mzungu huyo alikuwa daktari Mjerumani, Wilhelm Kattwinkel, aliyepita hapa mwaka 1911 akichunguza ugonjwa wa malale. Simulizi maarufu inasema alikuwa anamfukuza kipepeo akanusurika kutumbukia bondeni. Simulizi za namna hiyo hunoga kila zinaporudiwa, kwa hiyo zichukuliwe kwa kiasi. Lililo hakika ni kwamba alikusanya mifupa iliyogeuka mawe, yaani visukuku, akaipeleka Berlin, na humo wataalamu wakakuta farasi wa kale mwenye vidole vitatu mguuni. Mwaka 1913 mwanajiolojia Hans Reck akatumwa kuchimba zaidi.

Reck alikuwa mtu makini. Alikaa miezi, akapata visukuku vingi vya wanyama na mifupa ya mtu mmoja, ambaye baadaye alionekana kuwa alizikwa pale katika nyakati za karibu zaidi kuliko alivyodhani. Lakini kuhusu zana za mawe alikuwa na jibu moja: Oldupai hakuna.

Alikosea, na namna alivyokosea ina faida kuijua. Ulaya, watu wa kale walitengeneza zana zao kwa jiwe gumu linaloitwa gumegume, lilelile lililokuja kuwashia baruti kwenye bunduki za zamani. Reck alikuwa anatafuta gumegume. Alizikanyaga zana siku nzima, akarudi hemani jioni akaandika kwamba hazipo, kwa sababu zilikuwa za jiwe la volkano na jiwe jeupe la kwatzi. Mwaka 1931 alirudi pamoja na Louis Leakey, Mwingereza aliyezaliwa na kukulia Kenya, ambaye alikwishaona kwamba watu wa kale wa Afrika Mashariki walitumia jiwe lolote lililokuwa karibu nao. Wakawekeana dau la pauni 10: Leakey alidai atapata zana ndani ya saa 24. Alilila dau hilo mapema kabisa.

Sasa hizo zana zenyewe. Makumbusho yaliyofunguliwa ukingoni mwaka 2017 yanazo, na ndipo wazazi wengi hukwama, maana mtoto huuliza, "Hili si jiwe tu?" Swali hilo ni zuri. Aliyeshika jiwe la namna hiyo kwa mara ya kwanza anahitaji kuonyeshwa.

Kazi ilikuwa hivi. Mkono mmoja unashika jiwe la mviringo la kugongea, mwingine unashika jiwe la kugongwa. Anayepiga katikati hapati kitu zaidi ya vidole kuuma. Pigo lazima litue karibu na ukingo, mahali penye pembe kali, na kwa mwelekeo fulani. Likitua sawasawa, jiwe hutema kipande chembamba, na ukingo wa kipande hicho hukata kama wembe. Kwa muda mrefu wataalamu waliangalia zaidi lile jiwe kubwa lililobaki, wakaliita zana. Siku hizi wengi wanakubali kwamba mara nyingi kilichotafutwa ni vile vipande vidogo ambavyo mtu wa leo angevifagia kama takataka.

Kwa nini jambo dogo namna hiyo lihesabiwe kuwa uvumbuzi mkubwa? Kwa sababu ya ngozi ya mnyama. Zamadamu hakuwa na makucha ya chui wala meno ya fisi. Nyumbu aliyekufa mbele yake alikuwa kama kabati lililofungwa. Kipande cha jiwe kilifungua ngozi na kukata mishipa, na jiwe la kugongea lilivunja mfupa ili uboho utoke. Mifupa iliyochimbwa Oldupai ina mikwaruzo ya kukatwa na alama za kuvunjwa. Kama zamadamu hao waliwinda wenyewe au walinyatia mabaki ya simba, wataalamu bado wanabishana, na pengine watabishana muda mrefu.

Kuna jingine ambalo huwapita wageni wengi. Jiwe jeupe lililotumika kwa wingi linatoka kwenye kilima cha Naibor Soit, jina la Kimasai lenye maana ya jiwe jeupe, kilicho umbali wa kilomita chache kutoka mahali zana zilipookotwa. Jiwe halitembei. Mtu alilibeba. Aliyelibeba alijua, kabla hajaiona nyama, kwamba atahitaji kukata. Huko kufikiria mbele, kwa kiumbe ambaye ubongo wake ulikuwa chini ya nusu ya ubongo wa mtu wa leo, kunashangaza kuliko makali ya jiwe lenyewe.

Watu, magazeti yakiwamo, hupenda kuchanganya kugundua na kuvumbua. Oldupai mambo hayo mawili yanalala kwenye udongo mmoja. Aliyevumbua kisu cha jiwe hajulikani na hatajulikana. Waliokigundua wanajulikana, japo si wote wanaokumbukwa sawasawa.

Vizazi vya wanafunzi wa Tanzania vimekariri kwamba fuvu la Zinjanthropus liligunduliwa Oldupai mwaka 1959 na Dk. Leakey, na wanapolisema jina hilo humfikiria Louis. Louis siku hiyo alikuwa kitandani kambini, ana homa ya mafua. Ilikuwa Julai 17. Yeye na mkewe Mary walikuwa wanamsubiri mpiga filamu aje kurekodi uchimbaji, hivyo kazi ya kuchimba ilikuwa imesimama. Mary akatoka na mbwa wake kwenda kutembea kwenye korongo dogo ambalo walikuwa wamelipita mara nyingi, akitazama chini. Akaona mfupa umechomoza kwenye mteremko, akapangusa udongo, akaona meno mawili makubwa. Alirudi kambini mbio na gari. Mgonjwa aliinuka.

Fuvu lilitoka vipande kama 400, na Mary ndiye aliyeviunganisha. Walikuwa wamefanya kazi Oldupai, kwa vipindi na kwa fedha za kuungaunga, tangu miaka ya 1930. Baada ya fuvu hilo fedha zilikuja, kutoka Marekani. Jina walilolipa lina asili ya pwani yetu: Zinj ni jina la Waarabu wa kale kwa Afrika Mashariki, ndilo lililomo pia ndani ya Zanzibar. Na korongo lile dogo linaitwa FLK katika vitabu vya sayansi, herufi ambazo wanafunzi wa vyuo vikuu vya Ulaya na Marekani huzikariri pengine bila kujua kwamba K ni neno la Kiswahili. Ni Frida Leakey Korongo, Frida akiwa mke wa kwanza wa Louis. Kuna na MNK na BK, yote makorongo.

Lilibaki suala la umri. Louis alikisia miaka laki sita, na wengi waliona hata hiyo ni nyingi. Mwaka 1961 wanasayansi wa Marekani wakatumia njia ambayo ilikuwa bado mpya: majivu ya volkano yana madini ya potasiamu, na sehemu yake ndogo hugeuka polepole kuwa gesi ya agoni, kwa kasi inayojulikana. Ukipima gesi iliyojikusanya, unajua majivu yalianguka lini. Jibu likaja: miaka 1,750,000. Historia ya binadamu ilirefuka karibu mara tatu kwa kipimo kimoja, na njia hiyo ya kupima ikawa tegemeo la wachimbaji kote Bonde la Ufa.

Kuna jina jingine ambalo lingestahili kukaririwa. Mwaka 1960 alifika Oldupai kijana kutoka Ukambani, Kenya, aitwaye Kamoya Kimeu, kuchimba kama kibarua. Alikuwa na elimu ya shule ya msingi tu, na kwao kugusa mifupa ya wafu lilikuwa jambo la mwiko. Mary akamfundisha. Miaka minne baadaye, Peninj karibu na Ziwa Natron, Kamoya aliona taya karibu zima lenye meno, la jamii ileile ya Zinj. Mwaka 1984, Nariokotome magharibi mwa Ziwa Turkana, aliona kipande kidogo cha fuvu katikati ya kokoto za rangi ileile. Uchimbaji ukatoa karibu kiunzi chote cha mvulana aliyekufa miaka milioni moja na nusu iliyopita. Wanyama wawili wa kale wa jamii ya nyani wamepewa jina lake na wanasayansi. Kamoya alifariki mwaka 2022. Ni watoto wangapi wa Afrika Mashariki wanaolijua jina hilo?

Kuhusu yale mafuvu mawili ya barabarani, yapo mawili kwa sababu ya ubishi. Zinj alipopatikana karibu na zana za mawe, Louis alitangaza kwamba mtengenezaji amepatikana. Haukupita muda mrefu, kijana wao Jonathan akaokota karibu na pale taya na mifupa ya kiumbe mwenye ubongo mkubwa zaidi na meno madogo zaidi. Mwaka 1964 akaitwa Homo habilis, mtu hodari wa mikono, na Zinj akanyang'anywa sifa. Vitabu vikaandikwa upya. Kisha mwaka 2011 watafiti waliopotea njia magharibi mwa Turkana walikuta, mahali panapoitwa Lomekwi, zana zenye miaka milioni 3.3, kabla ya habilis kuwapo. Na mwaka 2023 ikatangazwa kwamba huko Nyayanga, kando ya Ziwa Victoria upande wa Kenya, zana za mtindo wa Oldupai zimekutwa pamoja na meno ya ndugu wa Zinj. Kesi imefunguliwa tena.

Mzazi ajiandae pia kwa swali la Adamu na Hawa, maana litakuja, pengine kwa sauti na mbele ya wageni. Kila nyumba ina jibu lake. Lakini hata mtoto ambaye swali hilo limempeleka kwa shehe au padri atatoka hapo akijua jambo moja la kushikika mkononi: jiwe linavyopigwa likakata.

Maendeleo yenyewe, ukiyatazama Oldupai, yanakwenda kwa mwendo wa kobe. Katika tabaka za juu zaidi za bonde hutokea shoka la mkono, limechongwa pande zote mbili, lina umbo la tone la maji. Ni hatua kubwa, kwa sababu mchongaji alikuwa na picha kichwani kabla ya kuanza. Lakini baada ya hapo umbo hilo likaendelea kutengenezwa kwa zaidi ya miaka milioni moja. Mashoka ya aina hiyo yamejaa pia Isimila, nje kidogo ya mji wa Iringa. Vizazi visivyohesabika viliiga vizazi vilivyotangulia, na anayetaka kuwalaumu akumbuke kwamba bila huko kuiga, pigo lile la ukingoni lingekufa na aliyelivumbua.

Kabla ya kuondoka bondeni, familia nyingi hupelekwa kwenye mchanga unaohama, kichuguu cheusi chenye umbo la mwezi mwandamo kinachosukumwa na upepo mita kadhaa kila mwaka. Ni majivu ya Ol Doinyo Lengai, mlima ambao bado unatoa moto. Yana chembe za chuma ndani yake, ndiyo maana hushikamana. Watoto huupenda kuliko mafuvu yote, na unasaidia kueleza kilichotokea Laetoli, kilomita 45 hivi kusini mwa Oldupai.

Majivu ya aina fulani ya volkano, yakinyeshewa mvua ndogo kisha yakapigwa na jua, huganda kama saruji. Miaka milioni 3.66 iliyopita ndivyo ilivyokuwa Laetoli. Matone ya mvua yaliacha vishimo. Sungura wakapita, twiga wakapita, na zamadamu wakapita kwa miguu miwili. Majivu mengine yakafunika.

Mwaka 1976 wanasayansi waliomtembelea Mary Leakey huko walikuwa wanarudi kambini wakitaniana kwa kurushiana kinyesi kikavu cha tembo. Watu wazima, wasomi. Mmoja wao, Andrew Hill, katika kukwepa akajikuta uso wake uko karibu na ardhi, na mbele yake kuna vishimo vya matone ya mvua na nyayo za wanyama ndani ya jiwe. Hill alivitambua kwa sababu alikwishasoma jambo kama hilo. Mtu mwingine angejipangusa vumbi akaendelea na vita. Miaka miwili baadaye Paul Abell akaona alama ya kisigino, na uchimbaji ukafunua mstari wa nyayo wenye urefu wa mita 27. Kidole gumba kimekaa sambamba na vingine, kisigino kimezama kwanza, kama cha mtu yeyote anayetembea ufukweni leo. Na zana za mawe? Katika tabaka hilo hakuna hata moja. Miguu ilitangulia, mikono ikawa huru muda mrefu kabla haijajua la kufanya.

Nyayo hizo hazionekani kwa mgeni. Mwaka 1979 zilifukiwa kwa mchanga na udongo ili zisiharibike, lakini kumbe udongo ulikuwa na mbegu za migunga. Miti ikaota, mizizi ikaanza kushuka kuelekea nyayo. Katikati ya miaka ya 1990 mafundi wa Idara ya Mambo ya Kale pamoja na Taasisi ya Getty ya Marekani wakafukua, wakatoa mizizi kwa uangalifu mkubwa, wakafunika upya kwa tabaka za mchanga na vitambaa maalumu. Nakala ya nyayo ipo kwenye makumbusho ya Oldupai, na kwa kuridhisha macho inatosha.

Kisha ukaja mpango wa kujenga makumbusho Laetoli penyewe. Kabla ya ujenzi lazima ardhi ikaguliwe, kwa hiyo mashimo ya majaribio yakachimbwa, yakisimamiwa na Fidelis Masao na Elgidius Ichumbaki wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Ndani ya mashimo hayo, mita 150 tu kutoka zile nyayo za Mary, zikatokea nyayo nyingine. Zilitangazwa mwaka 2016 kwa ushirikiano na Wataliano. Mmoja wa waliopita hapo alikadiriwa kuwa na urefu wa sentimita 165, mrefu kuliko wenzake wote waliojulikana wa zama hizo. Jengo lililokusudiwa kuhifadhi ugunduzi wa zamani lilizaa ugunduzi mpya kabla hata halijajengwa.

Na kuna nyayo chache za mwaka 1976 ambazo zilionekana za ajabu, hatua zikipishana, mtaalamu mmoja akasema huenda ni za dubu mtoto aliyesimama kwa miguu miwili. Zikasahauliwa. Mwaka 2019 kundi lililokuwa na Mtanzania Charles Musiba likazifukua tena, wakazilinganisha na nyayo za dubu halisi wa Marekani, na mwaka 2021 wakatangaza kwamba si dubu. Ni zamadamu, na pengine wa aina tofauti na wale wa ule mstari maarufu. Zilikaa zaidi ya miaka 40 zimeandikwa jina lisilo lao.

Anayekwenda na watoto abebe maji ya kutosha na kofia, na asishuke bondeni bila mwongozaji. Jiwe lolote litakalookotwa litazamwe, kisha lirudishwe palepale. Kulitia mfukoni ni kosa kisheria. Ambaye safari ya Ngorongoro haimo kwenye bajeti ya mwaka huu anaweza kuanzia Makumbusho ya Taifa, Mtaa wa Shaaban Robert, Dar es Salaam. Zinj alirudishwa nchini mwaka 1965, na huko ndiko anakohifadhiwa.

Msimu mzuri wa kwenda ni baada ya masika, barabara ikishakauka. Ni msimu unaowafaa watafiti pia, kwa sababu kila mvua kubwa inayoshuka kwenye makorongo hukwangua udongo kidogo na kuacha mifupa na mawe mapya yamechomoza juani. Kisichoonwa na mtu mwaka huo, mvua za mwaka unaofuata hukisomba.